Henry T. Lynch

Henry T. Lynch (Lawrence, Massachusetts, 4 Januari 1928 – Omaha, Nebraska, 2 Juni 2019) alikuwa daktari na mtafiti wa Marekani aliyetumia zaidi ya miaka hamsini kuonyesha kwamba baadhi ya saratani (au kansa) hurithiwa katika ukoo. Tangu mwaka 1967 alikuwa profesa katika Chuo Kikuu cha Creighton mjini Omaha. Jina lake limebaki katika sindromu ya Lynch, hali ya kurithi inayoongeza sana uwezekano wa kupata saratani ya utumbo mpana, ya mji wa mimba na ya viungo vingine kadhaa. Inakadiriwa kwamba katika nchi kama Marekani, Kanada na Australia karibu mtu 1 kati ya 280 amezaliwa nayo, na wengi wao hawajui.

Lynch alianza kazi hiyo wakati ambapo hakuna jeni hata moja ya saratani ya kurithi iliyokuwa imegunduliwa. Vifaa vyake vilikuwa maswali, barua, hati za vifo, ripoti za hospitali na chati za nasaba. Maabara zilimthibitisha baadaye, takriban miaka thelathini baada ya mgonjwa wake wa kwanza.

Maisha ya awali

Lynch alizaliwa Lawrence katika jimbo la Massachusetts akakulia New York. Aliacha shule mapema, na akiwa na umri wa miaka 16 alijiunga na Jeshi la Wanamaji la Marekani wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, akificha umri wake halisi. Alikuwa kijana mrefu mno, na kimo chake kilimsaidia kuonekana mtu mzima. Baada ya vita alipigana ndondi za kulipwa kwa muda, kisha akarudi masomoni.

Alipata shahada ya kwanza katika Chuo Kikuu cha Oklahoma mwaka 1951 na shahada ya uzamili ya saikolojia katika Chuo Kikuu cha Denver mwaka 1952. Baadaye alisoma jenetiki ya binadamu katika Chuo Kikuu cha Texas mjini Austin, halafu akaingia shule ya tiba ya chuo hicho iliyoko Galveston, alikohitimu udaktari mwaka 1960. Mchanganyiko huo wa saikolojia, jenetiki na tiba haukuwa wa kawaida kwa daktari wa wakati ule. Unaeleza mengi kuhusu yaliyofuata: alijua kusikiliza, na alijua pia kuhesabu jinsi tabia fulani ya kurithi inavyopita kutoka kizazi hadi kizazi.

Mgonjwa wa Omaha

Mwaka 1962, akiwa bado anasomea ubingwa wa magonjwa ya ndani mjini Omaha, Lynch aliitwa kumwona mgonjwa mmoja katika hospitali ya askari wastaafu. Mtu huyo alikuwa akipata nafuu baada ya kulazwa kwa sababu ya ulevi. Alipoulizwa kwa nini anakunywa kiasi hicho, alijibu kwamba anajua atakufa kwa saratani, kwa sababu watu wote wa ukoo wake hufa kwa saratani.

Ilikuwa rahisi kuandika jibu hilo kuwa ni hofu ya mlevi na kuendelea na mgonjwa anayefuata. Lynch aliomba majina ya jamaa zake. Pamoja na Anne Krush, mfanyakazi wa ustawi wa jamii aliyekuwa mshiriki wake wa karibu kwa miaka mingi, alianza kuwatafuta ndugu hao mmoja baada ya mwingine. Hawakutosheka na simulizi. Kila saratani iliyotajwa waliitafutia uthibitisho katika faili la hospitali, hati ya kifo au, pale ilipowezekana, katika vipande vya tishu vilivyohifadhiwa na wanapatholojia.

Mwanzoni Lynch alidhani ni ugonjwa uliokwisha kujulikana, ule wa kurithi polipu mamia kwa mamia ndani ya utumbo mpana. Lakini ripoti zilionyesha kwamba jamaa wa mgonjwa hawakuwa na polipu hizo. Tena saratani zao hazikuwa za utumbo peke yake, kwani wanawake kadhaa wa ukoo walikuwa na saratani ya mji wa mimba. Hilo lilikuwa jambo lisiloelezwa katika vitabu vya tiba vya wakati huo.

Mwaka 1964 alipoeleza habari za ukoo huo katika mkutano wa wanajenetiki, daktari Marjorie Shaw wa Chuo Kikuu cha Michigan alimweleza kwamba naye ana ukoo unaofanana nao. Mwaka 1966 walichapisha pamoja na wenzao makala kuhusu koo hizo mbili, zilizopewa majina ya "Familia N" kwa Nebraska na "Familia M" kwa Michigan. Makala hiyo ndiyo inayohesabiwa kuwa mwanzo wa utafiti wa kisasa wa sindromu ya Lynch.

Familia G

Baada ya makala ya 1966 kutoka, A. James French, mkuu wa patholojia katika Chuo Kikuu cha Michigan, alimfahamisha Lynch kwamba idara yake ina kumbukumbu za zamani zaidi za jambo lile lile. Zilikuwa za Aldred Warthin, mwanapatholojia aliyeongoza idara hiyo mwanzoni mwa karne ya 20.

Kisa cha Warthin kinafanana sana na cha Lynch. Mwaka 1895 mwanamke aliyekuwa akimshonea nguo alimwambia kwamba anatarajia kufa mapema kwa saratani ya tumbo, ya utumbo au ya viungo vya uzazi, kama ilivyotokea kwa jamaa zake wengi. Ukoo wake ulikuwa umetoka Ujerumani na kuhamia Michigan. Mwanamke huyo alimsaidia Warthin kukusanya habari za ndugu zake, na mwaka 1919 yeye mwenyewe alikufa kwa saratani ya mji wa mimba. Warthin alichapisha habari za ukoo huo mwaka 1913, akauita "Familia G", akarudia kuuandika mwaka 1925. Alifariki mwaka 1931. Wanafunzi wake waliandika mara moja zaidi mwaka 1936, kisha jambo hilo likasahauliwa kwa miaka thelathini. Maandishi ya Warthin yana pia kasoro ya wakati wake, kwa kuwa yaliathiriwa na fikra za eujenia, yaani imani kwamba watu wa koo fulani ni "dhaifu" na hawafai kuzaa.

Lynch na Krush walichukua kumbukumbu hizo wakawatafuta wazao waliokuwa hai. Mwaka 1971 walichapisha matokeo yaliyohusu kipindi cha 1895 hadi 1970. Kati ya watu zaidi ya 650 wa damu moja, 95 walikuwa wamepata saratani, nyingi zikiwa za utumbo mpana, mji wa mimba na tumbo. Mpangilio wake ulikuwa ule ule wa Familia N: mzazi mwenye ugonjwa alikuwa na watoto ambao takriban nusu yao waliupata, wake kwa waume, na mtoto aliyepona kurithi hakuwarithisha wanawe.

Hilo la mwisho ndilo muhimu. Kama chanzo kingekuwa chakula, maji au kazi za mashambani, matawi yote ya ukoo yangepaswa kuguswa kwa kiasi kinachokaribiana. Hapa matawi mengine yalijaa vifo na mengine hayakuwa na ugonjwa, kama inavyotarajiwa kwa jeni moja inayotoka kwa mzazi mmoja.

Miaka ya kupingwa

Mwaka 1967 Lynch alihamia Chuo Kikuu cha Creighton, alikoongoza idara ya tiba ya kinga na afya ya jamii. Wataalamu wengi wa saratani hawakukubaliana naye. Maoni yaliyotawala yalikuwa kwamba saratani hutokana na mazingira, hasa kemikali na moshi wa sigara, au na virusi. Serikali ya Marekani ilikuwa ikitumia fedha nyingi kutafuta virusi vya saratani. Wakosoaji walisema kwamba saratani ni ugonjwa wa kawaida, hivyo ukitafuta vya kutosha utapata familia yenye wagonjwa wengi kwa bahati tu. Maombi ya Lynch ya fedha za utafiti kwa taasisi za serikali yalikataliwa mara kwa mara.

Hoja ya bahati haikuwa ya kipuuzi, na Lynch aliijibu kwa njia mbili. Kwanza aliongeza idadi ya koo, mpaka mkusanyiko wa Creighton ukafikia maelfu. Pili alionyesha kwamba saratani za koo hizo zina sura yake: huanza mapema, mara nyingi karibu na umri wa miaka 45 badala ya sitini au sabini, hukaa zaidi upande wa kulia wa utumbo mpana, na mtu mmoja huweza kupata mbili au zaidi, kwa pamoja au kwa kupishana. Bahati haielezi kwa nini ndugu waugue wakiwa vijana na upande ule ule wa utumbo.

Kazi yenyewe ilikuwa ya safari. Lynch na mkewe Jane, aliyekuwa muuguzi, walizifuata familia huko zilikoishi katika majimbo ya kati ya Marekani, wakaongea na wazee waliokumbuka nani alikufa kwa nini, wakachukua damu na kuihifadhi. Damu hiyo ilikuja kuwa hazina mbinu za maabara zilipopatikana. Mwaka 1984 Lynch alianzisha taasisi ya saratani za kurithi katika Creighton. Mwaka huo huo daktari C. Richard Boland alitumia jina "sindromu ya Lynch" katika maandishi. Lynch mwenyewe kwa muda mrefu alitumia majina mengine, kwanza "sindromu ya familia yenye saratani", baadaye jina refu la saratani ya utumbo mpana ya kurithi isiyo na polipu nyingi. Jina hilo la pili lilikuwa na kasoro, kwa sababu liliwafanya madaktari wasahau mji wa mimba na viungo vingine.

Mwaka 1990 watafiti wa nchi mbalimbali walikutana Amsterdam wakakubaliana vigezo vya kuutambua ugonjwa. Jamaa watatu au zaidi wawe na saratani ya utumbo mpana, mmoja wao akiwa mzazi, ndugu au mtoto wa wale wengine wawili. Vizazi viwili vinavyofuatana viguswe. Na angalau mmoja awe aligunduliwa kabla ya miaka 50. Ugonjwa wa polipu nyingi uwe umeondolewa katika hesabu. Kwa vigezo hivyo maabara za nchi zote ziliweza kutafuta jeni katika koo zinazolingana.

Saratani ya matiti, ovari na ngozi

Lynch hakuishia kwenye utumbo. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alieleza koo ambamo saratani ya matiti na ya ovari huonekana pamoja, kwa mfano mama akiugua matiti na binti ovari. Mwaka 1990 Mary-Claire King, aliyekuwa Chuo Kikuu cha California mjini Berkeley, alionyesha kwamba saratani ya matiti inayoanza mapema katika koo fulani inahusiana na sehemu ya kromosomu ya 17. Mwaka 1991 Steven Narod, Lynch na wenzao walionyesha kwamba sehemu hiyo hiyo inahusika katika koo za matiti na ovari. Jeni yenyewe, BRCA1, ilipatikana mwaka 1994, na BRCA2 ilifuata mwaka 1995.

Alichangia pia kueleza hali ya kurithi ambayo watu huwa na madoa mengi ya ngozi yasiyo ya kawaida na hupata melanoma. Katika baadhi ya koo hizo, zenye mabadiliko katika jeni ya CDKN2A, saratani ya kongosho nayo hutokea zaidi.

Ushahidi wa maabara

Mwaka 1993 kundi la Albert de la Chapelle wa Finland na Bert Vogelstein wa Chuo Kikuu cha Johns Hopkins lilionyesha kwamba katika baadhi ya koo ugonjwa unafuatana na sehemu ya kromosomu ya 2. Kabla ya mwaka kwisha, makundi mawili yaliyokuwa yakishindana yaliitambua jeni yenyewe, MSH2. Mwaka 1994 ilifuata MLH1, iliyoko kromosomu ya 3, na baadaye MSH6 na PMS2.

Jeni hizo nne zina kazi moja. Seli inapogawanyika hunakili DNA yake yote, na katika kunakili makosa madogo hutokea, kama mpiga chapa anayekosea herufi. Protini zinazotokana na jeni hizo hupita nyuma, huona herufi isiyolingana na mwenzake, huikata na kuweka inayofaa. Mtu mwenye sindromu ya Lynch huzaliwa na nakala moja mbovu ya mojawapo ya jeni hizo, na nakala nzuri kutoka kwa mzazi wa pili. Nakala moja inatosha kwa kazi. Lakini seli fulani ya utumbo au ya mji wa mimba ikipoteza na ile nzuri, makosa hubaki bila kusahihishwa, hurundikana haraka, na saratani huanza. Ndiyo sababu hatari ni ya kurithi ingawa saratani yenyewe si ya kuzaliwa nayo, na ndiyo sababu wapo wanaorithi jeni hiyo wasiugue kamwe.

Mwaka 2000 ilichapishwa kwamba ukoo wa Familia G una mabadiliko katika MSH2. Maneno ya mshonaji wa Warthin yalikuwa yamepata maelezo ya kikemia baada ya miaka 105.

Faida kwa wagonjwa

Takriban asilimia 3 ya saratani zote za utumbo mpana hutokana na sindromu ya Lynch. Hatari ya mtu mmoja mmoja hutegemea jeni: kwa MLH1 na MSH2 uwezekano wa kupata saratani ya utumbo mpana katika maisha unaweza kukaribia nusu, kwa PMS2 ni mdogo zaidi.

Lynch alisisitiza tangu mapema kwamba kujua hatari hakuna maana bila hatua ya kufuata. Alishauri watu wa koo hizo waanze kuchunguzwa utumbo kwa kamera wakiwa vijana, na kurudia mara nyingi kuliko watu wengine. Ushahidi mzuri ulitoka Finland. Huko Heikki Järvinen na Jukka-Pekka Mecklin waliwafuata kwa miaka 15 watu 252 wa koo 22. Kati ya 133 waliochunguzwa kila baada ya miaka mitatu, 8 walipata saratani ya utumbo na hakuna aliyekufa kwa ugonjwa huo. Kati ya 119 ambao hawakuchunguzwa, 19 waliipata na 9 walikufa. Sababu ni kwamba polipu huondolewa wakati wa uchunguzi kabla ya kugeuka. Wanawake waliomaliza kuzaa huweza kushauriwa kuondolewa mji wa mimba na ovari.

Baadaye yaliongezeka mambo mawili. John Burn wa Uingereza aliongoza jaribio la watu 861 wenye sindromu hii, na mwaka 2011 ilichapishwa kwamba waliotumia miligramu 600 za aspirini kila siku kwa miaka miwili au zaidi walipata saratani ya utumbo kwa uchache zaidi miaka iliyofuata. Dawa hiyo huweza kusababisha kutokwa damu tumboni, hivyo hutumiwa kwa ushauri wa daktari. Tena uvimbe wenye makosa mengi ya DNA huonekana kwa urahisi na kinga ya mwili, na mwaka 2017 Marekani iliidhinisha dawa ya pembrolizumab kwa saratani za aina hiyo popote zilipo mwilini, badala ya kwa kiungo kimoja maalumu.

Kuwaambia watu

Lynch na timu yake hawakupeleka majibu kwa posta tu. Walikuwa wakikusanya ukoo mzima mahali pamoja, karibu na nyumbani kwao, wakaeleza ugonjwa kwa wote, kisha kila mmoja akaongea faraghani na mshauri na kuamua kama anataka kupimwa. Hakuna aliyelazimishwa. Kulikuwa na majibu ambayo hayakutarajiwa. Baadhi ya waliokutwa hawana jeni hiyo waliona hatia mbele ya ndugu zao waliokuwa nayo, na wengine waliokuwa nayo walifarijika kwa kuwa mashaka ya miaka mingi yalikuwa yamekwisha.

Hofu kubwa ya wengi ilikuwa bima na ajira. Mtu aliogopa kupimwa asije akanyimwa bima ya afya au kazi. Lynch aliandika na kusema dhidi ya ubaguzi huo. Mwaka 2008 Marekani ilipitisha sheria inayokataza mashirika ya bima ya afya na waajiri kutumia habari za jeni dhidi ya mtu. Sheria hiyo haihusu bima ya maisha.

Maisha binafsi na kifo

Lynch alimwoa Jane mwaka 1951, naye alifanya kazi pamoja na mumewe hadi alipofariki kabla yake. Walikuwa na watoto watatu. Mwana wao Patrick Lynch alikuwa daktari bingwa wa mfumo wa chakula katika kituo cha saratani cha MD Anderson mjini Houston na alitafiti saratani za kurithi za utumbo.

Henry Lynch aliendelea kuandika akiwa na umri wa zaidi ya miaka 80. Mwaka 2003 yeye na Albert de la Chapelle waliandika kwa pamoja mapitio kuhusu saratani ya kurithi ya utumbo mpana katika jarida la New England Journal of Medicine, ambayo yametajwa sana na watafiti wengine. Alifariki mjini Omaha tarehe 2 Juni 2019 akiwa na miaka 91.